Hiyo 330 si ya hewa ya Pemba

Ndugu Mhariri, assalamu alaykum. Naomba nafasi kidogo, kuna jambo la skuli linaniuma.

Binti yangu aliulizwa kwenye zoezi mwendo wa sauti hewani, akaandika mita 348 kwa sekunde, akatiwa kosa eti kitabu kinasema 330. Jamani ile 348 hakuiokota njiani, tuliipima wenyewe!

Hapa Wete karibu na kwetu kuna ghala la karafuu lina ukuta mrefu mtupu, tukasimama mita 60 kutoka ukutani, yeye anagonga vibao viwili, mwangwi ukirudi tu anagonga tena palepale juu yake, mpaka mapigo yakakaa sawa ndo mimi nikaanza kuhesabu, pigo la kwanza sifuri (wengi huanza na moja, hesabu yote inaharibika) hadi 20. Saa ya simu sekunde 6.9. Sauti inakwenda na kurudi, mita 120, mara 20 ni 2,400, gawa kwa 6.9 unapata karibu 348. Na hiyo 6.9 ni wastani wa mara 8, maana ukichelewa kubonyeza sehemu moja tu ya kumi ya sekunde jibu linaruka mita 5.

Sasa angalia joto. Hewa ikiwa nyuzi 0 sauti inakwenda mita 331, kila nyuzi moja ikipanda unaongeza kama 0.6. Siku ile ilikuwa nyuzi 29, ukijumlisha unapata ileile 348. Hiyo 330 ni ya baridi ya kugandisha maji, Pemba tumeifikia lini?

Newton mwenyewe mwaka 1687 alipiga hesabu ya mwendo huu ikatoka pungufu kwa karibu asilimia 15, kwa sababu hakutia joto linalozaliwa hewa inapobanwa, mpaka Laplace wa Ufaransa akaja kuirekebisha. Hawakuwaambia waliopima kuwa wamekosea.

Walimu wetu nawaheshimu sana, ninachoomba swali litaje joto, na mtoto aliyepima aulizwe kapima vipi kabla ya kutiwa kosa.

Jumamosi alfajiri tunarudi ghalani kabla jua halijapanda, tutasimama mita 100 kutoka ukutani na kuhesabu mapigo 50 ili kosa la kubonyeza lipungue, nataka binti aione ile 348 ikishuka kwa ubaridi wa alfajiri.

Mzazi,
Wete, Pemba