Anza na CD zilizochomwa, Mwalimu

Iringa, Julai

Mwalimu,

Salaam kwako na kwa wote nyumbani. Huku baridi imeshika kwelikweli, na nadhani huko Tukuyu bado mnaanika nguo kwa kubahatisha. Umeuliza namna ya kuhamishia kompyuta zile CD zako za kwaya na za dansi. Kabla hujagusa kompyuta, zipange kwanza.

Geuza kila CD uangalie upande wa chini. Ya kiwandani inang'aa fedha tupu. Iliyochomwa kwa kompyuta mara nyingi ina rangi ya kijani au buluu iliyofifia, kwa kuwa leza imeandika kwenye tabaka la rangi, na rangi hiyo huharibika kwa jua, joto na umri. Anza na hizo. Albamu ya kiwandani inaweza kungoja mwaka mwingine. Ya kwaya ya usharika, iliyotolewa nakala chache siku ya uzinduzi, ikififia huna pa kuitafuta.

Halafu iweke CD kwenye kompyuta ufungue folda yake. Ukikuta mafaili yanayoishia na .cda, hiyo ni CD ya sauti yenyewe. Mafaili hayo yana baiti 44 kila moja: ni vielekezo tu, muziki haumo ndani. Watu huyanakili kwenye flashi kisha wanailaumu flashi. Ukikuta MP3, nakili kama zilivyo. Ukizigeuza kuwa FLAC, mfumo unaobana sauti bila kupoteza chochote, utanenepesha faili bure, maana sauti ambayo MP3 ilikwisha kuitupa hairudi. Ukikuta folda ya MPEGAV, hiyo ni VCD, yaani CD ya video, na kwaya nyingi za kwetu zimo humo. Nakili AVSEQ01.DAT na wenzake, kisha uchomoe sauti bila kuigeuza kwa ffmpeg, programu ya bure inayoendeshwa kwa kuandika amri:

ffmpeg -i AVSEQ01.DAT -vn -c:a copy kwaya.mp2

Video yenyewe usiifute. VCD yenye mikwaruzo husumbua kuliko CD ya data ya kawaida, kwa sababu sehemu ya picha imenyimwa kinga ya ziada ya kusahihisha makosa ili video ipate nafasi.

Kwa CD za sauti tumia programu ya Exact Audio Copy kama una Windows, au fre:ac kwenye Linux. Zote ni za bure. Katika Exact Audio Copy chagua usomaji wa salama (Secure): programu husoma kila kipande zaidi ya mara moja, majibu yakitofautiana hurudia, hata mara 82 kwa kipande kimoja. Ndiyo maana CD mbovu inaweza kula saa nzima, iache tu. Ikimaliza, soma ripoti yake. Kwa CD za kiwandani zinazojulikana, AccurateRip, hifadhidata ya mtandaoni, italinganisha nakala yako na za watu wengine. Za kwaya hazimo humo, kwa hiyo zisome mara mbili na ulinganishe namba za CRC, yaani namba za kuhakiki zinazokokotolewa kutoka kwenye data ya kila wimbo: zikifanana, umepata.

Hifadhi kwa FLAC. Sauti ya CD ina sampuli 44,100 kwa sekunde, biti 16, njia mbili za sauti (kushoto na kulia), yaani kama megabaiti 10 kwa dakika. Albamu ya saa moja ni kama megabaiti 635. FLAC huishusha hadi 350 au 400 bila kupoteza hata biti moja. CD 200 zinaingia kwenye gigabaiti 80 au pungufu, kwa hiyo sioni sababu ya kubana matumizi hapo. MP3 utatengeneza baadaye kutoka kwenye FLAC, kadiri utakavyo.

Sasa mikwaruzo. Mkwaruzo unaokata kutoka katikati kwenda ukingoni hauna madhara makubwa, kwa sababu kila mzunguko wa data umeguswa kidogo tu, na mfumo wa kusahihisha unaweza kuziba pengo la karibu milimita 2.5. Ule unaofuata mzunguko ndio mbaya, maana unafuta data mfululizo. Kwa hiyo hata kufuta uchafu, futa kutoka katikati kwenda nje, kamwe usizungushe: maji ya uvuguvugu, tone la sabuni ya vyombo, kitambaa laini cha pamba. Kusugua mkwaruzo kwa dawa ya meno waachie wanaoipenda. Upande wa juu, wenye maandishi, ndio dhaifu zaidi, maana data iko chini kidogo tu ya rangi yake. Mkwaruzo wa huko hausuguliwi ukatoka. Usiandike kwa kalamu ya ncha ngumu kama biki, na kibandiko cha karatasi kilichokwisha kushika usikibandue.

CD iliyochomwa ikigoma, punguza kasi ya kusoma hadi 8x au 4x. Ikigoma bado, badili kisomaji cha CD. Vinatofautiana sana, na kile kinene cha kompyuta ya mezani ya zamani mara nyingi hushinda chembamba cha laptopu. Ukinunua cha USB pale sokoni Mwanjelwa, Mbeya, kichomeke moja kwa moja kwenye kompyuta, si kwenye kigawanyaji cha USB (hub). Umeme ukipungua kinajizima katikati ya wimbo. CD ikitoka chumba cha baridi kuingia penye jiko la mkaa, hupata umande. Iache nusu saa.

Majina ya nyimbo utayaandika mwenyewe, kwa kuwa hakuna hifadhidata itakayoyajua. Piga picha kava kabla ya yote. Jina la kwaya liwe lile lile herufi kwa herufi kwenye nafasi ya msanii wa albamu. "Kwaya ya Vijana" na "Vijana Kwaya" kompyuta itazitenga kama kwaya mbili. Namba ziwe 01, 02, siyo 1, 2.

Kwa sabufa na redio ya gari tumia MP3 ya kilobiti 192 au 256, na flashi iliyofomatiwa kwa FAT32, maana nyingi hazisomi FLAC wala flashi ya mfumo wa exFAT. Sabufa za bei ya chini hucheza kwa mpangilio wa kunakiliwa, si wa majina, kwa hiyo nakili folda moja moja kwa zamu. FLAC zikae kwenye diski mbili, moja isilale nyumba moja na nyingine. Hiyo ya pili nitumie mimi kwa basi, nitakutunzia.

Wako,
wa Iringa