Cherehani imerudi kwenye sini

Dunda, Bagamoyo

Shoga yangu,

Salamu nyingi. Sisi huku wazima, ila kusi limeanza na mabati ya jikoni yanagonga usiku kucha. Machungwa ya Muheza yamefika. Watoto hawakuniachia hata kokwa.

Umeniuliza kama bado naandika filamu. Naandika, na juzi nimecheka peke yangu kama mwendawazimu. Unaikumbuka ile stori ya mke anayeondoka na cherehani? Niliiandika 2005, filamu za video zimepamba moto, kila mtu anakimbilia Kariakoo kuuza masta, ile kopi mama ya filamu yake. Msambazaji mmoja akasoma kurasa mbili (mwenzangu, hiyo ilikuwa heshima, wengine walikuwa hawataki skripti kabisa, waigizaji wanasimuliwa stori hapo hapo lokesheni, wanaingia). Akasema: "Dada, mwanamke adai talaka, na mali juu, nani atanunua? Mfanye arogwe." Nikamweleza kwamba Sheria ya Ndoa ipo tangu 1971, na kwamba mwaka 1983 Mahakama ya Rufani ilishakubali kazi za nyumbani nazo ni mchango katika mali ya wanandoa, ingawa bibi mwenye kesi alitoka mikono mitupu. Akaniona punguani.

Basi nikamroga. Sehemu ya kwanza akarogwa, ya pili akapona. Ada ya mtoto ilikuwa inasubiri.

Sasa kuna kijana, dairekta wa tamthilia hizi za kwenye ving'amuzi. Ananiita mama, analipa kwa epsodi, na analipa kweli. Akaomba kitu cha "mwanamke anayejitambua". Nikafungua sanduku, nikatoa daftari; mchwa wamekula pembe zote za chini, kila ukurasa mstari wa mwisho umekatika. Nikamchapia. Kafurahi, kisha kanirudishia na maandishi mekundu: hapa apige kelele, hapa amzabe mume kofi, hapa majirani washangilie.

Wewe si ulikuwepo siku mama anatoka pale Ngamiani, Tanga? Alipiga kelele? Aliufungua mkanda wa cherehani, akauviringisha, akaufunga kwenye pindo la kanga. Akamwambia mwenye mkokoteni, baba angu, taratibu kwenye mashimo. Mzee kakaa barazani na kikombe chake cha kahawa, kainama kama anatafuta kitu ndani yake. Neno halikusemwa mpaka mkokoteni ulipokata kona.

Nimemrudishia kijana sini kama ilivyokuwa. Nilichoongeza ni mashimo tu. Amenuna, lakini tarehe za kupiga picha hajazifuta.

Sasa nisaidie. Mkokoteni ule ulikuwa wa kukodi, au wa yule mzee wa barabara ya kumi na mbili? Na kanga ya mama ilikuwa na jina gani? Nakumbuka rangi tu, nyekundu iliyopauka. Mtu wa mavazi ananiuliza kila siku, na siwezi kumpa yoyote tu. Nijibu kabla ya Jumatatu.

Shoga yako wa Bagamoyo