Mbona klorini ni 35.5?

Uyole, Mbeya

Rafiki yangu mpendwa,

Salamu nyingi kutoka huku kwenye baridi. Sisi sote wazima, natumaini nawe hujambo pamoja na watoto. Barua yako nimeipata, na nimefurahi mno kusikia umejiandikisha kufanya mtihani wa kidato cha nne kama mtahiniwa wa kujitegemea. Kufungua daftari usiku baada ya kushinda kwenye cherehani si kazi ndogo, dada.

Swali lako nimelipenda. Kama protoni na neutroni huhesabika moja moja, mbona kwenye jedwali la elementi uzito wa atomu ya klorini umeandikwa 35.5? Hiyo nusu imetoka wapi? Unasema kwenye tuisheni umeambiwa ukariri tu. Usikariri. Hapa ndipo kemia inapoanza kuwa tamu.

Anza na protoni, chembe zilizomo kwenye kiini, yaani katikati ya atomu, maana hizo ndizo zinazoamua kitu ni nini. Atomu yenye protoni 26 ni chuma. Ikiwa na 27 ni kobalti, na 28 ni nikeli. Unakikumbuka Kimondo cha Mbozi, lile pande jeusi lililoanguka kutoka angani? Asilimia 90 hivi ni chuma, na sehemu kubwa ya iliyobaki ni nikeli. Kimetoka mbali kuliko tunavyoweza kuwaza, lakini kila atomu ya chuma iliyomo ina protoni 26, sawasawa na ya jembe lako la shambani. Mimi nikifika pale huweka kiganja juu yake nikawaza hilo hilo.

Elektroni ziko nje ya kiini, na ndizo zinazoshughulika atomu zinapoungana. Uzito wake ni mdogo mno, kwa hiyo kwenye hesabu yetu ziache.

Sasa neutroni. Zinakaa kwenye kiini pamoja na protoni, hazina chaji, na uzito wake ni karibu sawa na wa protoni. Idadi yake yaweza kupishana na elementi ikabaki ileile. Klorini ina protoni 17 daima, ila kuna klorini yenye neutroni 18, jumla 35, na kuna yenye neutroni 20, jumla 37. Hizo ndizo isotopu zake. Chota chumvi ya jikoni uiweke kiganjani: klorini zote mbili zimo, zimechanganyika, na ulimi wako hautazitofautisha kamwe, kwa sababu zinaungana na sodiamu kwa namna ileile.

Shika kalamu. Katika kila atomu 100 za klorini, 75 hivi ni za 35 na 25 hivi ni za 37. Zidisha 75 kwa 35 upate 2,625. Zidisha 25 kwa 37 upate 925. Jumlisha, 3,550. Gawanya kwa 100: 35.5. Hakuna hata atomu moja ya klorini yenye 35.5, dada. Ni wastani, kama Sensa ya 2022 ilivyotupa wastani wa watu 4.3 kwa kaya, na hakuna nyumba utakayobisha hodi ukapokewa na watu wanne na vipande.

Na usidhani wewe ni mzito wa kuelewa. Frederick Soddy alieleza habari za isotopu mwaka 1913, ilhali neutroni ilikuja kugunduliwa na James Chadwick mwaka 1932. Miaka 19 yote hiyo wataalamu walijua kwamba atomu za elementi moja hupishana uzito, na kinachozipishanisha hawajakipata.

Ngoja nikuongezee jambo ambalo mtihani huenda usiulize, lakini mimi nalipenda kuliko yote. Viazi vyetu vya Uyole vina potasiamu, na potasiamu ina protoni 19. Katika kila atomu zake 10,000, moja hivi ni potasiamu-40, yenye neutroni 21, nayo haijatulia. Polepole sana inageuka: nyingi huwa kalsiamu, chache huwa gesi ya agoni. Nusu ya atomu hizo huchukua miaka bilioni 1.25 kugeuka. Potasiamu hiyohiyo imo kwenye mawe ya Rungwe, mlima wetu wa volkano. Lava ikiwa bado ya moto, agoni hutoroka. Ikishaganda, agoni inayozaliwa ndani ya jiwe hunaswa humo. Wanajiolojia wakipima agoni iliyonaswa na potasiamu iliyobaki, wanajua jiwe liliganda lini, na miamba ya volkano ya huku kwetu imepimwa umri kwa njia hiyo. Jiwe linatunza hesabu ya siku zake lenyewe! Ukipita Tukuyu, okota moja uliangalie vizuri.

Nakupa zoezi. Shaba ina isotopu mbili, 63 na 65, na kwenye jedwali imeandikwa 63.5. Kabla hujapiga hesabu yoyote, niambie ipi ni nyingi, na umejuaje. Halafu tafuta ni ngapi katika kila 100. Andika na njia yote, si jibu tu, maana wasahihishaji hutoa alama kwenye njia.

Majibu nitayangoja kwa barua ijayo. Pamoja nayo nitumie swali jingine lolote linalokusumbua, hata ukiliona dogo. Wasalimie watoto, na mama mwambie namwamkia.

Ni mimi rafiki yako,
Mwalimu wa Uyole