Enguerrand wa Coucy hakuwa ndumilakuwili

Mhariri,

Makala yenu ya toleo lililopita kuhusu Vita vya Miaka Mia Moja, kati ya Uingereza na Ufaransa, ilimpa Enguerrand VII, bwana wa Coucy huko Ufaransa, mstari mmoja tu, na ndani ya mstari huo mkamwita ndumilakuwili. Hapo mmemwonea.

Uingereza hakwenda kwa hiari. Mfalme John II wa Ufaransa alitekwa na Waingereza vitani Poitiers mwaka 1356, na mwaka 1360 mabwana wa koo kubwa wakapelekwa kuwa rehani ya fidia yake. Enguerrand alikuwa yatima wa miaka 20 hivi. Julai 1365 akamwoa Isabella, binti mkubwa wa Edward III, mfalme wa Uingereza, aliyemzidi miaka minane. Sisi tumezoea mwoaji kutoa mahari. Huyu alioa akapewa uhuru wake bila kulipa fidia, na mwaka uliofuata baba mkwe akampa cheo cha ukabaila cha Earl wa Bedford.

Vita vilipoanza upya mwaka 1369, ampige nani? Huku mfalme wake, kule babu wa wanawe. Akaondoka zake. Alikwenda Italia kumtumikia Papa, kisha mwaka 1375 akaongoza askari wa kukodiwa hadi Uswisi kudai urithi wa mama yake, mwanamke wa ukoo wa Habsburg. Aliambulia patupu. Sisi wenye wakwe wasiosalimiana tunajua jinsi safari ya mbali inavyoweza kuwa nafuu kuliko kuketi sebuleni.

Edward alifariki Juni 1377. Hapo ndipo Enguerrand alipomwandikia Richard II, mfalme mpya, akarudisha vyeo vyote vya Uingereza pamoja na Garter, nishani kuu ya mashujaa wa mfalme. Ndumilakuwili hasa angenyamaza, akaendelea kula huku na huku.

Walioumia ni mkewe na mabinti, na mwandishi wenu hakuwataja kabisa. Isabella alibaki kwao na binti mdogo, Philippa, akafa kati ya mwaka 1379 na 1382. Philippa aliolewa na Robert de Vere, kipenzi cha Richard, ambaye mwaka 1387 alimtupa kwa ajili ya mwanamke wa msafara wa malkia kutoka Bohemia. Waandishi wa tarikhi wanasema mama mzazi wa de Vere alimlaani mwanawe, akasimama na mkwe wake. Mama mkwe wa namna hiyo si wengi, hata leo.

Marie, binti mkubwa, alikulia Ufaransa. Septemba 1396 baba yake na mumewe, Henri de Bar, walikuwa Nicopolis, katika Bulgaria ya leo, jeshi la msalaba liliposambaratishwa na Waosmani. Baba alifia kifungoni Bursa, katika Uturuki ya leo, Februari 1397. Mume naye hakuumaliza mwaka huo. Mwaka 1400 mjane huyo akamuuzia Louis wa Orléans, ndugu wa mfalme wa Ufaransa, milki ya Coucy, pamoja na ngome ya mnara wa zaidi ya mita 50 ambao Wajerumani waliulipua mwaka 1917.

Kama nafasi ilikuwa ya mstari mmoja, ningempa Marie.

Mwalimu mstaafu wa historia,
Morogoro