Yaya, mwambie Papa asifunge kale kanjia

Mji Mkongwe, Zanzibar

Yaya, dada yangu mkubwa mpendwa,

Salamu kwako, kwa shemeji na watoto, na kwa Mama, ambaye najua atataka asomewe barua hii mara mbili. Mimi ni mzima. Hoteli imejaa Wafaransa, na Kifaransa changu cha kwetu Bukavu, Kongo, ndicho kinachonilipia kodi ya chumba.

Ujumbe wako kuhusu Papa na jirani nimeupata. Maajabu: watu wasiopatana hata juu ya kuku leo wamepatana kuziba kale kanjia kati ya parseli zetu, kiwanja chetu na chake. Jirani anataka nafasi ya jiko, Papa anataka wezi wakose pa kupenyea. Halafu mwishoni ukanicheka, eti siku hizi nasema "uchochoro" kama mtangazaji wa redio. Acha nianze na hilo la kuchekwa, maana lina uhusiano na ukuta wa Papa.

Huku ndilo neno lao. Uchochoro, wengine kichochoro, na zikiwa nyingi ni vichochoro. Kamusi haina maneno mengi juu yake: ni njia nyembamba ipitayo kati ya nyumba na nyumba. Hakuna mwizi humo wala mlevi. Ukitaka kumsikia mwizi, fungua redio. Kiongozi akihutubia, utasikia nchi isigeuzwe uchochoro wa kupitishia dawa za kulevya. Watu wa kodi nao kila siku wanaziba vichochoro vya wakwepaji. Jioni kwenye mpira, beki anayepitwa ovyo anaitwa uchochoro, na wakishamwita hivyo barazani jina halimtoki msimu mzima. Vijana wa Kenya wamelikata likabaki chocho, na sidhani wakitamka hivyo wanawaza mambo ya msikitini. Sisi tunasema kanjia, au kuluari tukitaka kujionyesha, lakini tuhuma ni zilezile. Kwa hiyo Papa hayuko peke yake.

Ila mimi naishi ndani ya uchochoro, Yaya. Nikisimama mlangoni nikanyoosha mikono, vidole vinagusa kuta mbili. Kuta zenyewe ni za mawe ya matumbawe na chokaa, nene, ndefu, na jua halifiki chini mpaka saa sita mchana; asubuhi yote unapita kwenye kivuli. Pembeni kuna baraza za mawe zilizojengwa pamoja na nyumba. Wazee wanakaa hapo na vikombe vyao vya kahawa, na mvua ikijaza njia maji, ndizo tunazokanyaga kupita. Mwenye mkokoteni akija anapiga hodi toka mbali, kama vile anaingia sebuleni kwa mtu, na kila aliyekaa anavuta miguu. Mwizi gani atapita hapo bila kusalimiwa na kuulizwa anatoka kwa nani? Jeneza nalo linapita humohumo: wanaume wanalipokezana begani, hatua chache huyu, hatua chache yule, na muuza duka anasimama mpaka lipite.

Hapo ndipo nilipomkumbuka marehemu Koko, mzee wetu. Papa amesahau tulimtoa wapi? Ngazi za mbele mvua ilikuwa imezibomoa, sanduku likapita nyuma, kwenye kanjia, limeinuliwa juu ya vichwa kwa sababu mabega hayakuenea. Jirani huyuhuyu ndiye aliyetangulia akikunja nguo zilizoanikwa. Jiko lake likisimama pale, Mungu apishe mbali, mwingine tutampitishia juu ya mabati?

Na moto je? Mtaa wetu wa Kadutu, hapo Bukavu, siyo Zanzibar. Hapa jiwe linauchelewesha moto. Kwetu ni mbao na mbao, bati linagusa bati, na gari la zimamoto likija linaishia barabarani. Ulipowaka upande wa juu, mabeseni ya maji yalipita mkono kwa mkono kwenye kanjia hako, na magodoro ya watu yakatokea hapo. Wewe mwenyewe ulikuwa kwenye mstari, na mimba ya kijana wako wa kwanza, Mama akikufokea urudi.

Jambo la tatu halina ubishi hata kwa Papa, ni maji. Sisi tuko mteremkoni. Mvua ikirudi mwezi wa tisa, maji yote ya parseli za juu yanashukia pale. Ukiweka ukuta hayatarudi juu mtaani Nyamugo. Yatatafuta pengine, na pengine ni msingi wa chumba cha Mama. Waulize waliopoteza nyumba kwenye mmomonyoko walianza kwa kuziba nini.

Wezi ni kweli wapo, sibishi. Lakini mwizi anapenda giza kuliko wembamba. Mimi naona hivi: kanjia kabaki, kasafishwe, kachimbiwe mfereji katikati na kufunikwa mbao zinazoondoleka. Jirani ajenge jiko, ila mlango uangalie uwanja wake, na bati lake lisimwage maji upande wetu. Pembeni tuweke taa ya jua, ile inayowaka yenyewe giza likiingia, juu kabisa watoto wasiifikie. Hiyo taa nainunua mimi. Papa akikataa, mpe Mama simu, yeye anajua pa kumshikia.

Simenti msinunue kwanza. Pima upana wa kanjia kwa mkanda wa shemeji, pale penye mwembe na pale penye choo, unitumie. Na unambie fundi wa kufunga taa anadai dola ngapi. Kama ni yule aliyetufungia waya mpaka redio ikaungua, tafuta mwingine.

Mdogo wako anayekupenda.