Mwambie Hamadi habari ya lile duara

Silver Spring, Maryland
Jumatatu usiku

Shoga yangu Zuhura,

Assalaam alaykum. Huku hatujambo, baba Salim mzima, watoto wazima, baridi imeshaanza kutupigia hodi. Najua unanidai barua tangu Idi, utanisamehe. Leo nimeshika kalamu kwa ajili ya Hamadi.

Ule ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mara tatu. Mara ya kwanza nilikuwa ndani ya basi, nikapitiliza kituo changu. Mtoto anacheza vizuri, wenzake wenyewe wanamtaka, kisha kocha anasema hamweki timu ya shule kwa kuwa hasikii filimbi! Miaka kumi na tatu, umri wa kupenda mpira kuliko chakula, anaambiwa akae pembeni alinde mabegi ya wenzake. Hilo la mabegi ndilo lililoninyima usingizi.

Sasa nikupe habari. Hapa karibu nasi, Washington, kipo Chuo Kikuu cha Gallaudet, chuo cha viziwi. Masomo, mitihani, ugomvi wa wanafunzi, mapenzi yao, yote kwa lugha ya alama. Sheria ya kukiruhusu kutoa shahada aliitia saini Abraham Lincoln mwaka 1864, nchi ikiwa bado vitani. Ni chuo kidogo, wanafunzi hawafiki elfu mbili, lakini timu yao ya futiboli ya Kimarekani ilianza 1883. Sio mpira wetu huo, ni ule wa kushika mkononi na kuangushana, na mpira wenyewe umechongoka ncha mbili.

Jumamosi nikamwambia Salim tukawatazame. Nilikwenda kwa ajili yako tu, Zuhura, mchezo wenyewe siuelewi vizuri hadi leo. Ila jambo moja nililielewa, na tangu siku hiyo limenikaa kichwani.

Zamani hizo, 1894, aliyekuwa akiongoza mashambulizi yao ni kijana kiziwi aliyeitwa Paul Hubbard. Yeye ndiye aliyewapa wenzake maelekezo, huyu akimbilie huku, yule azuie kule, na yote kwa alama za mikono. Wakicheza na wanaosikia, hakuna tabu. Lakini walipokutana na timu nyingine za viziwi siri zote zikawa hadharani, maana wenzao walikuwa wakiisoma mikono yake. Basi Hubbard akawaita wachezaji wake wasimame duara, bega kwa bega, wainame, naye akawapa maelekezo hapo katikati, mikono imefichika. Kwisha.

Lile duara, shoga yangu, leo linafanywa Marekani nzima! Vyuo vyenye viwanja vya kuingiza watu laki moja, wale wachezaji wa kulipwa mamilioni, wote utawaona wameinama duara kabla ya kushambulia. Wapo wengine wanaodai kwamba ni wao walioanza, lakini jina linalotajwa mbele ni la Hubbard. Salim anautazama mchezo huo kwenye televisheni kila wiki na hakuwa akijua. Aliposikia alinyamaza, halafu akaniuliza, "Mama, Hamadi anajua?" Nikakosa jibu.

Na ngoma! Walikuwa wakiweka ngoma kubwa kando ya uwanja. Ikipigwa, wachezaji wanaihisi mwilini, wanajua sasa twende. Nikakumbuka harusi ya Mwanaisha, Hamadi alivyobandika viganja ukutani akawa anacheza bila kukosea pigo, hata bibi Fatuma akatokwa na machozi. Yule mtoto ana mwili wa kusikia, Zuhura. Kocha angemwona siku ile asingesema alilosema.

Tena kwenye mchezo huu wapinzani huweza kukuhadaa kwa sauti, ukachomoka kabla ya wakati na timu yako ikaadhibiwa. Kiziwi macho yake yako kwenye mpira, kelele za mtu hazimfiki.

Sikufichi, timu hiyo imepita kwenye shida. Wamefungwa miaka mingi, kuna wakati ilishushwa ikawa ya klabu tu, hadi 2007 ikarudi kwenye mashindano rasmi ya vyuo. Miaka sita baadaye, 2013, walishinda mechi tisa wakafungwa moja, wakaingia kwa mara ya kwanza mtoano wa taifa wa daraja lao. Na Oktoba 2023 walijaribu helmeti mpya. Kocha anabonyeza kompyuta kibao, maelekezo yanatokea kwa maandishi kwenye kioo kidogo mbele ya jicho la mchezaji. Siku hiyo walicheza na Chuo cha Hiram wakashinda 34 kwa 20.

Wakati Hamadi anachohitaji ni kibendera! Kwenye mechi za viziwi mwamuzi hupuliza filimbi na kuinua bendera. Kitambaa na kijiti, basi. Mwambie kocha hivyo, kwa upole lakini mwambie. Au umtume mjomba Athumani, yeye watu humsikiliza.

Hebu ngoja, kuna jingine nilitaka kukueleza tangu mwanzo. Mtu mweusi wa kwanza kuhitimu shahada pale Gallaudet ni Andrew Foster, mwaka 1954. Uziwi ulimpata na miaka kumi na mmoja, kwa homa ya uti wa mgongo, ile ile iliyompata Hamadi. Alipohitimu akaja Afrika, akaanza na Ghana mwaka 1957, akafungua shule za viziwi nchi baada ya nchi. Alifariki 1987, ndege yake ndogo ilipoanguka Rwanda. Jirani zetu kabisa! Nami miaka yote hii huku sikuwahi kusikia jina lake.

Sasa nijibu. Hamadi bado anakwenda uwanjani jioni, au amesusa? Anakula? Uliongea na mwalimu mkuu mwenyewe au ni kocha tu? Wale wenzake waliokuwa wakimtaka wanasemaje, kuna aliyejifunza alama hata mbili tatu? Na kiatu anavaa namba ngapi siku hizi? Dada Mwanamvua anasafiri kuja Tanga Desemba, nataka kumpa viatu vya mpira amletee. Nijibu hili la viatu kwanza, kabla ya mengine yote.

Nisalimie mama sana.

Wako,
Rehema