Kamera igeuzie wanaosikiliza

Swahiba,

Barua yako nimeipata, na nimefurahi kwamba umeruhusiwa kurekodi filamu ya kongamano pale Ukumbi wa Nkrumah, Mlimani, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Ila huo mpango wa kuwahoji wasomi watano kwanza, uache. Msomi ukimkalisha mbele ya taa atakupa yaleyale yaliyomo kitabuni mwake, na mwenye haja nayo si atasoma kitabu!

Waliouanza upigaji filamu wa kutazama bila kuuliza, kule Marekani mnamo 1960, walisaidiwa na vyombo: kamera za milimita 16 zilishakuwa nyepesi za kubebwa begani, na kinasa sauti kikaweza kwenda sambamba na picha. Simu yako inafanya yote mawili. Wewe leta subira.

Nenda kwa wasikilizaji. Mwanafunzi alikuwa anaandika mfululizo, mara kalamu inasimama. Mngoje, usihamishe kamera. Mwenyekiti anasogeza kikaratasi cha "muda umekwisha", profesa anakifunika kwa kiganja na kuendelea. Halafu yaje maswali, ambayo kwetu ndiyo mkutano wenyewe. Mzee anapokea kipaza sauti: "Mimi sina swali, nina mchango." Ukumbi unaguna. Usizime! Mwache aseme mpaka mwisho, maana Kongamano la Sita la Umajumui wa Afrika, yaani la umoja wa Waafrika popote walipo, lilifanyika hapohapo Mlimani, Juni 1974, na huwezi kujua nani kati ya wazee hao alikuwepo akiwa kijana.

Sauti ndiyo itakayokuumiza kichwa. Omba waya kutoka kwenye mtambo wa ukumbi ili upate wazungumzaji, kisha weka kinasa kingine katikati ya viti, kikupe miguno na vicheko. Bila hivyo utakuwa na hotuba tu.

Wakati wa chai usipumzike. Penye sambusa ndipo watu husema walichokiogopa jukwaani, tena kwa majina. Hapo lakini uwe muungwana: kamera ionekane, na aliyesema jambo zito mwulize kabla hajaondoka kama unaweza kulitumia. Akikataa, lifute, hata kama ndilo tamu kuliko yote.

Dakika kumi na mbili zinatosha. Chagua mabishano mamoja uyafuate; wasomi ambao hawakuonekana watanuna, wazoee.

Nitumie mkato wa kwanza wa filamu kabla hujaweka muziki. Bora usiuweke kabisa.

Wako,
swahiba yako